Mtoto Latifu

“Amenyamaza. Mmeona wenyewe,” Shangazi Mwanahija alisema, akiwatazama wazee mmoja baada ya mwingine. “Binti akinyamaza, amekubali.”

“Alhamdulillahi,” wakaitikia.

Adila alikuwa amekaa kwenye mkeka, pembeni mwa ukumbi, mtandio umemshukia mpaka kwenye nyusi. Muda mfupi nyuma baba yake, Mzee Mwinyimvua, alikuwa amemuuliza mbele ya kaumu yote:

“Shamsudin wa Mapinga amekuposa kwa heshima zake. Una neno?”

Neno alikuwa nalo. Lilipanda mpaka kooni, likakwama kwenye malezi: usimjibu mkubwa upesi, usimkate mtu kauli, usipaze sauti wanaume wakisikia. Alikuwa bado anatafuta njia ya kulitoa bila kumwaibisha mtu, shangazi akawahi kufunga mlango.

“Hivyo ndivyo anavyojibu mtoto latifu,” shangazi akaongeza, uso umemng’aa. “Sikumlea bure.”

Latifu. Nyumba ile ya Bagamoyo mjini ilikuwa na neno hilo kama nyumba nyingine zinavyokuwa na chumvi. Kitambaa chepesi kisichokwaruza ngozi kilikuwa latifu. Marashi yasiyompiga mtu puani yalikuwa latifu. Hatua zisizosikika sakafuni, mkono unaoweka kikombe bila kugonga kisahani, jibu linalotolewa kwa kuinamisha macho, vyote latifu. Utotoni Adila alilipenda neno hilo. Alijiona amevishwa kitu cha thamani ambacho wenzake hawana. Siku ile, kwa mara ya kwanza, lilimbana shingoni.

“Ijumaa baada ya swala tunafunga ndoa,” baba yake alisema, akiinuka. “Hakuna cha kungoja.”

Ilikuwa Jumatatu.

*

Simu ya Muharami iliita mara tatu kabla Adila hajapata nafasi ya kutoka uani na kujibanza nyuma ya tangi la maji.

“Nimesikia sokoni,” Muharami alianza, salamu hakuna. “Sokoni, Adila. Muuza samaki ananipa pole mimi sijui hata nimefiwa na nani.”

“Niliulizwa mbele ya watu. Sikuwahi...”

“Ulijibu nini?”

“Sikujibu kitu.”

Nyuma ya sauti yake injini ilikuwa ikinguruma. Ikazimwa.

“Hukujibu kitu,” alirudia polepole. “Mimi nilifukuzwa kwenu kwa sababu nina mdomo. Wewe unaozwa kwa sababu huna. Nyumba gani hiyo?”

Muharami alikuwa fundi wa injini za boti kule Mbegani. Sauti yake ilishazoea kushindana na mashine, na hata akinong’ona, jirani anapata habari zote. Mwezi uliopita alikuja na baba yake kuposa. Shangazi Mwanahija akamuuliza, kwa ile sauti yake ya kupepea, kama kwao ni watu latifu. Muharami akajibu: “Sisi ni watu wa grisi, shangazi. Huo ulatifu sema ni mita ngapi, niulete.” Baba yake alishika kichwa. Posa ikafa hata kahawa haijafika.

“Ulimwambia shangazi yangu ulatifu unauzwa kwa mita,” Adila alisema. “Ulitegemea nini?”

“Nilitegemea atacheka.”

“Hakucheka.”

“Wewe ulicheka. Nilikuona nyuma ya pazia.”

Adila alitaka kutabasamu, tabasamu likakataa.

“Sikiliza,” Muharami alisema. “Ijumaa nakuja. Nasimama mlangoni, namwambia sheikh mbele ya watu wote kwamba huyu binti hamtaki huyo dalali wa viwanja. Wanipige wakitaka.”

“Usije.”

“Usije? Unajua unachosema?”

“Ukija utakuwa umenijibia na wewe. Shangazi amenijibia, baba amekubali nijibiwe, sasa wewe unataka zamu yako. Kinywa changu mmegawana mpaka kimekwisha.”

Muharami alivuta pumzi. Ilisikika kama mtu aliyechomwa na bomba la moshi.

“Basi kitumie mwenyewe.”

“Nitakitumia.”

“Lini, Adila? Ukishazaa?”

Akakata simu. Adila akabaki ameishika, maji yakidondoka kutoka kwenye koki ya tangi na kumlowesha miguu.

*

Asubuhi ya Jumanne alimkuta mama yake jikoni, amekalia mbuzi, anakuna nazi.

“Mama, simtaki Shamsudin.”

Mama yake, Ashatu, aliendelea kukuna kidogo, kisha akaacha.

“Najua.”

“Unajua, na jana ulikuwa umekaa pale.”

“Nilikaa.” Mama yake akakung’uta nazi iliyomganda vidoleni. “Baba yako aliponileta hapa kutoka Ubena, siku ya kwanza nilicheka. Nilicheka kama tunavyocheka kwetu, na kichwa kinakwenda nyuma. Wifi yangu akaniinamia sikioni: ‘Wifi, mwanamke latifu kicheko chake anakijua mumewe tu.’ Sikujua maana ya neno. Kwetu ukimsifu mtu unasema mpole, msafi, ana huruma. Nikadhani latifu ni hayo yote kwa pamoja, nikalitamani. Nikapunguza kicheko. Nikapunguza na sauti. Nikawa napunguza tu, mwanangu, kama anayechota pipani bila kujaza. Jana nilitafuta cha kusema mbele ya baba yako, nikaona pipa limekauka.”

“Kwa hiyo niolewe?”

“Sijasema hivyo.”

“Umesema nini?”

“Nimesema mimi sijui nitaweza nini. Wewe ukianza, anza. Usigeuke kuangalia kama nakuja.”

Adila alitoka jikoni na wazo moja. Lilikuwa wazo la mtu aliyelelewa mle ndani, na mtu wa nyumba nyingine asingeliwaza hata kwa bahati mbaya. Shamsudin alikuwa mtu wa adabu, hakuna aliyebisha. Kanzu yake haikuwahi kuwa na mkunjo, maneno yake hayakuwahi kuwa na ncha. Aliuza viwanja Mapinga kwa watu wa Dar, na walisema hata mteja aliyekosa kiwanja aliondoka akimwombea dua. Mtu kama huyo akiambiwa taratibu, kwa siri, si atajitoa mwenyewe? Aibu isimguse mtu.

Akampigia.

“Assalaam alaykum, kaka Shamsudin.”

“Wa alaykum salaam, bibie. Sauti yako tu imenipoza moyo.”

“Samahani kwa usumbufu. Nina jambo zito, nakuomba unisitiri.”

“Sema, roho yangu.”

“Jana nilinyamaza, lakini sikukubali. Moyo wangu hauko kwako. Wewe ni muungwana, kila mtu anasema. Nakuomba ujitoe mwenyewe, useme umeghairi, nisiwavunjie heshima wazee wangu.”

Upande wa pili kijiko kilikuwa kinazunguka ndani ya kikombe bila kugusa ukingo.

“Nimekusikia,” Shamsudin alisema.

“Ahsante sana.”

“Nimekusikia vizuri, na nimezidi kukupenda. Msichana mwingine angenitukana. Wewe unakataa huku unaomba radhi. Hicho ndicho nilichokifuata Bagamoyo.”

“Kaka Shamsudin, hukunielewa.”

“Nimekuelewa. Yuko fundi wa boti. Niliuliza kabla sijaleta posa. Hayo ni ya ujana, bibie, yanapita, utazoea.” Hakupandisha sauti hata kidogo. Alisema kama anayemnyunyizia mgeni marashi. “Na tuambiane ukweli. Mbele ya baba yako huwezi kuyasema haya. Ungeweza, usingenipigia mimi.”

Simu ikakatika. Dakika chache baadaye ukaingia ujumbe:

“Nimekuagizia asumini za Ijumaa. Nimezichagua kwa sababu zinakufanana. Zinanukia na hazina sauti.”

Adila aliusoma akiwa amesimama. Akaketi. Mikono ilikuwa ya baridi, na jua la saa nne lilikuwa linamwagika uani kama kawaida.

*

Alhamisi wanawake walijaa. Wengine walichambua mchele, wengine walisuka asumini, na nje vijana walikuwa wanafunga turubai. Shangazi Mwanahija alimwingiza Adila chumbani, akafunga mlango, akaanza kumsugua liwa mgongoni kwa mkono wake mwenyewe. Hakumwachia mtu mwingine kazi hiyo.

“Shangazi, latifu ni nini?”

“Ni wewe.”

“Nauliza kweli.”

“Ni mtu asiyekwaruza. Akiingia hakuna anayeshtuka, akitoka hakuna anayelalamika.”

“Yaani kama hayupo.”

“Usinipindie maneno.”

“Ulipokuwa unatufundisha chuoni majina ya Mwenyezi Mungu, ulitueleza vingine. Ulisema Al-Latif ndiye anayejua lililojificha ndani kabisa, anayemfikia mja kwa wema pale ambapo mja mwenyewe hajui hata aombe vipi.”

“Hayo ni ya Mungu.”

“Na neno tumelichukua kwake. Basi mtu latifu ni yule anayesikia kabla hajaambiwa.” Adila aligeuza shingo. “Shangazi, hujanisikia?”

Mkono wa shangazi ukasimama mgongoni. Nje mtu alidondosha sinia, wanawake wakacheka.

“Nimekusikia tangu Jumatatu,” Mwanahija alisema.

Akaanza tena kusugua.

“Na mimi nilikuwa na neno langu, zamani. Niliposwa na mtu ambaye nikimwona nasikia baridi. Nikanyamaza. Nikaolewa, nikazaa, nikawa mke wa kuheshimiwa mji mzima mpaka Mungu alipomchukua. Sikufa.” Akachovya vidole kwenye bakuli la liwa. “Leo wewe useme hapana? Useme, halafu mimi niwe nilinyamazia nini?”

“Shangazi...”

“Geuka huku. Nikupake mabega.”

*

Ijumaa watu walirudi kutoka msikitini wakajaa barazani na chini ya turubai. Harufu ya pilau ilikuwa imeshika nyumba nzima. Adila alikaa kitandani amezungukwa na wanawake, hina imemkolea mikononi, asumini za Shamsudin zimeviringishwa kichwani mpaka zikamtia kizunguzungu.

Simu ikatetemeka chini ya mto. Alichungulia.

“Niko ng’ambo ya barabara, kibanda cha chipsi. Sivuki. Ulisema utakitumia. Nasubiri.”

Mlango ukabishwa. Wanawake wakajifunika, wakanyamaza. Sheikh Hamidu aliingia na mashahidi wawili, akawekewa kiti karibu na kitanda. Alikuwa mtu wa makamo, mwenye haraka za Ijumaa, na sauti iliyochoka kwa hotuba.

“Adila binti Mwinyimvua,” alisema, “baba yako anataka kukuoza kwa Shamsudin bin Yusuf kwa mahari mliyokubaliana. Umeridhia?”

Adila alifumbua mdomo. Aliziona nyuso: majirani, binamu, mama yake kasimama kizingitini kashika upawa. Shangazi Mwanahija alikuwa amekaa ubavuni kwake, karibu kiasi kwamba pumzi zao zilikuwa zinapishana.

Sheikh alingoja. Shahidi mmoja alikohoa.

“Amenyamaza, sheikh,” shangazi alisema. “Dini imeshasema kimya cha bikira ni ridhaa yake.”

“Imesema, naam.”

Sheikh akaanza kuinuka. Kiti kikalia. Shahidi wa kwanza alikuwa ameshageuka, mkono wake uko kwenye kitasa. Mwanamke mmoja kule nyuma akajikusanyia pumzi ya kupiga kigelegele.

“Sijaridhia.”

Lilitoka dogo, jembamba. Sheikh akabaki nusu amesimama, nusu ameketi.

“Umesema nini, binti yangu?”

“Amekohoa,” shangazi alisema.

Adila akaufunua mtandio usoni. Asumini zikamwagika begani.

“Sikukohoa. Nimesema sijaridhia. Sijaridhia leo, na Jumatatu pia sikuridhia.”

Shangazi akamshika mkono, akamnong’oneza:

“Adila. Watu wanasikia.”

“Ndiyo maana nimesema, Shangazi.”

“Binti,” sheikh alisema, akikaa tena vizuri, “hili si la mchezo. Mji mzima uko nje. Nikuulize tena?”

“Niulize.”

“Umeridhia kuolewa na Shamsudin bin Yusuf?”

“Hapana, sheikh. Samahani sana. Hapana.”

“Mtoto kasema hataki.”

Wote wakageuka mlangoni. Ashatu alikuwa ameinua upawa kama anayetaka kuugawa umati. Sauti iliyomtoka ilikuwa ya Ubena halisi, sauti ya kumwita mtu aliye upande wa pili wa shamba, na nyumba ile ilikuwa haijawahi kuisikia. Ilipita ukumbini, ikapita barazani, ikafika kwenye turubai.

“Kasema hataki,” Ashatu alirudia, “na mimi mama yake nimesikia, na asiyesikia aje nimwambie.”

Nje mazungumzo yakakatika. Mzee Mwinyimvua akaingia, jasho limemlowesha ukingo wa kofia. Nyuma yake, akiomba radhi kwa kila aliyempisha, alikuja Shamsudin.

“Kuna nini?” baba aliuliza.

“Ndoa hii mimi siifungi, Mzee Mwinyimvua,” Sheikh Hamidu alisema. “Binti amekataa kwa ulimi wake, mbele ya mashahidi.”

“Ni hofu ya siku yenyewe,” Shamsudin alisema, akitabasamu. “Mpeni maji, apumzike. Mimi sina haraka.”

“Baba,” Adila alisema. Alikuwa amesimama sasa. “Jumanne nilimpigia simu huyu. Nilimwambia simtaki. Nilimwomba ajitoe kwa siri, wewe usiaibike. Muulize.”

Mzee Mwinyimvua akamgeukia.

“Alikupigia?”

“Alinipigia, mzee. Maneno ya kitoto. Nikamwambia atazoea.”

“Ulijua hakutaki, na leo umekuja na watu wako kumwoa?”

Shamsudin akawatazama wote waliokuwa mle ndani, polepole, bado anatabasamu.

“Mzee wangu, kwani nani hakujua?”

Shangazi Mwanahija akainamisha kichwa. Wanawake wakashika mitandio yao. Mzee Mwinyimvua akaivua kofia yake.

“Mimi sikujua,” alisema. Kisha, kwa sauti iliyoanguka: “Sikuuliza vya kutosha.”

“Sasa tufanyeje?” Shamsudin aliuliza.

“Chukua watu wako, mwanangu. Nendeni kwa amani. Nitakuja kwenu kuomba radhi mwenyewe.”

“Radhi?” Hapo ndipo sauti ikapasuka, na chini ya marashi kukatoka kitu kingine. “Wageni wangu wamekaa nje, wengine wametoka Dar, unaniambia radhi? Mtoto wa mwanamke wa shamba mmemfunika hariri, mkaniletea kwa jina la latifu. Latifu gani mwenye mama anayepiga kelele na upawa?”

“Toka.”

Shangazi Mwanahija ndiye aliyesema. Alikuwa ameinuka, liwa bado imemganda kwenye kucha.

“Bibi Mwanahija, wewe ndiye uliyeni...”

“Najua nilichofanya, na nitajibu kwa mwenye haki ya kuniuliza. Huyu ni mtoto wa kaka yangu. Yule ni wifi yangu. Toka nyumbani kwetu.”

Shamsudin aliirekebisha kanzu, ingawa haikuwa na mkunjo, akatoka. Baadaye kidogo milango ya magari ikasikika ikifungwa nje, mmoja baada ya mwingine.

*

Mzee Mwinyimvua alibaki katikati ya ukumbi. Chini ya turubai watu walikuwa wamekaa na sahani tupu mapajani, hawajui kama wale au waage. Alimtazama sheikh. Alitazama masufuria. Kisha akasema, kama mtu anayerusha jiwe gizani:

“Yule fundi wa Mbegani yuko wapi?”

“Ng’ambo ya barabara,” Adila alijibu bila kufikiri.

“Mwiteni.”

Muharami aliingia na shati lililochomekwa upande mmoja, viatu ameviacha nje. Pale mlangoni kila mtu alijiandaa kwa kelele.

“Shikamoo, mzee.”

“Marahaba. Binti yangu unamtaka?”

“Namtaka.”

“Basi tusizungushane. Chakula kimeiva, watu wamekaa, sheikh yupo. Aibu hii tuizike leo leo. Mpigie baba yako aje sasa hivi na ndugu yeyote aliye karibu.”

Uso wa Muharami ukafunguka. Alipiga simu pale pale, na robo saa haikwisha baba yake akafika, kanzu kaivaa juu ya suruali ya kazi, anauliza kila mtu kama ni kweli. Wakakaa mkekani. Mahari, Mzee Mwinyimvua alisema, itazungumzwa baadaye. Watu wakarudi barazani, mtu akaanza kumsalia Mtume, na furaha ikaanza kurudi ndani ya nyumba kama umeme uliokatika.

Adila alikuwa kwenye mlango wa chumba chake, ameshika pazia. Yule aliyekuwa amekaa pale mkekani ndiye ambaye Adila alikuwa akimwota. Shati lile lililochomekwa upande mmoja alikuwa amelipenda kabla ya kumpenda mwenyewe. Basi kwa nini ule ubaridi wa Jumanne ulikuwa unarudi vidoleni? Alitazama ukumbi wote. Wanaume walikuwa wanapanga nani akae wapi, wanawake wanapanga masinia. Hakuna jicho hata moja lililoelekea kwenye pazia.

Mzee Mwinyimvua akanyoosha mkono. Muharami akaupokea. Sheikh Hamidu akaweka leso juu ya mikono yao, akasafisha koo.

Muharami akauvuta mkono wake.

Ukumbi ukashtuka. Baba yake akamkanyaga mguu.

“Una nini?” Mzee Mwinyimvua aliuliza, na ile hasira aliyokuwa ameizuia mchana kutwa ilianza kuchungulia. “Na wewe unanikataa?”

“Hapana, mzee. Samahani.” Muharami alisema taratibu, na walio nyuma wakalazimika kuinamisha vichwa mbele ili wasikie. “Hajaulizwa.”

“Si ndiye anayekutaka?”

“Nafikiri hivyo. Ila Jumatatu nanyi mlifikiri hivyo.”

Mzee Mwinyimvua aliutazama mkono wake uliobaki hewani. Akaurudisha mapajani. Alipogeuza kichwa kuelekea kwenye pazia, alimwona binti yake, na ilionekana wazi kwamba hakuwa amemtazama siku nyingi.

“Sheikh,” alisema, “muulize.”

Sheikh Hamidu akainuka na mashahidi wake, safari hii bila haraka.

“Adila binti Mwinyimvua. Umeridhia kuolewa na Muharami bin Mikdad?”

Adila hakujibu. Alimtazama Muharami. Alikuwa ameinamisha kichwa, hakumkonyeza, hakumwita kwa macho, hakujikohoza. Mishipa ya shingo ilikuwa imemsimama kama mtu aliyebeba mzigo, lakini mdomo ulikuwa umefungwa. Adila akangoja. Alingoja kwa sababu muda ule ulikuwa wake na hakuna aliyemsukuma. Shangazi Mwanahija, nyuma yake, alifumbua mdomo kusema kitu, akaufumba.

“Mahari yangu sijaitaja,” Adila alisema.

“Itaje.”

“Anifundishe injini. Kuifungua, kuisafisha, kuifunga, mpaka niiwashe mwenyewe na iwake.”

Minong’ono ikatapakaa. Mtu mmoja barazani aliuliza amesema nini, akaambiwa, hakuamini.

“Mikono hiyo?” shangazi alishindwa kujizuia. “Na hina hiyo? Uiingize kwenye grisi?”

“Tangu utoto nimefundishwa kunyamaza, Shangazi, na nimefuzu. Sasa nataka kufundishwa kitu chenye kelele.”

Kule mlangoni Ashatu alicheka. Alicheka kichwa kikaenda nyuma, upawa ukamponyoka. Mzee Mwinyimvua alimgeukia kwa mshangao, na akaonekana kama mtu anayejaribu kukumbuka aliwahi kukisikia wapi kicheko kile.

“Kumfundisha mke ujuzi wenye manufaa inafaa kuwa mahari,” sheikh alisema, naye akijizuia asicheke. “Muharami, umeikubali?”

“Nimeikubali. Ila nitamwambia mapema, mimi nikifundisha napiga kelele.”

“Utajifunza kupunguza,” Adila alisema. “Na mimi nitajifunza kuongeza.”

“Binti,” sheikh alisema, “bado hujanijibu.”

“Nimeridhia,” Adila alisema, kwa sauti ya kawaida tu, ile ya mtu anayeomba asogezewe chumvi, na barazani wote wakasikia.